Kicheko cha Saa Kumi

Nakumbuka Jumapili moja, mwanangu, nikiwa na miaka thelathini na minne na kichwa kilichojaa sifa kuliko akili. Nilikuwa nimerudi nyumbani kutoka Marekani kwa likizo ya wiki mbili, na ndani ya mkoba wangu mlikuwa na kaseti moja ya video niliyoifunga kwa sweta kama mtu anayebeba mayai. Ilikuwa filamu ya kwanza iliyotaja jina langu peke yangu kama prodyusa. Nilitaka watu wa kwetu waione kabla Wamarekani wenyewe hawajaiona kwenye televisheni zao. Nilitaka kusifiwa, sitakuficha.

Lakini ngoja nikueleze kwanza, kabla hujashika njia, nilifikaje huko. Najua wewe hunijua tu kama yule cucu, yule nyanya wa Ruiru anayebishana na muuza sukuma wiki, na pengine huamini kwamba niliwahi kushika kitu kingine cha maana.

Nilizaliwa Gatuanyaga, nje ya mji wa Thika, kule ambako mvua huja kama mgeni asiyependa kulala. Nilipokuwa msichana wa shule tulipelekwa kutazama maporomoko ya Chania, na siku hiyo tukawakuta wageni wakipiga picha za sinema karibu na ile hoteli ya zamani. Wenzangu walitazama maji. Mimi nilimtazama mama mmoja aliyesimama kando, mikono mitupu, ambaye hakuigusa kamera hata mara moja, na bado kila mtu alimwendea kumuuliza jambo kabla ya kufanya lolote. Nikamuuliza mhudumu wa hoteli huyo ni nani. Akaniambia, "Huyo ndio prodyusa. Yeye ndio anaamua." Mwanangu, mimi ni mtoto wa tano kati ya tisa. Nyumbani kwetu sikuwahi kuamua hata kipande cha nyama nitakachopewa. Siku hiyo nikajua kazi yangu.

Sitakuchosha na habari za masomo na theluji. Nilianza kwa kubeba nyaya za watu, nikapandishwa nikawa mtu wa kutafuta habari, halafu prodyusa wa filamu za maisha halisi ya watu. Kwa zaidi ya miaka ishirini nilizunguka Marekani nikitazama siasa zao na jinsi wanavyoishi: makanisa, magereza, mashamba ya mahindi yasiyo na mwisho, mabasi ya wagombea kura, viwanda vilivyofungwa milango watu wakabaki wakivitazama. Nikirudi likizo watu wa Thika waliniuliza kama nimekutana na rais. Nilikuwa nikiwajibu kwamba nimekutana na wanaompigia kura, nao wakaona nimewakatisha tamaa.

Kuna jambo ninalolikosa sana mpaka leo, nalo ni meza za jikoni za wale watu. Mmarekani akishakumiminia kahawa mezani kwake, anakuambia mambo ambayo hajamwambia hata dada yake. Nilikaa kwenye meza nyingi sana. Walikuwa wakiniuliza natoka wapi, nasema Thika, wanatikisa kichwa kana kwamba wanaijua. Nadhani waliniamini kwa sababu nilikuwa mgeni kabisa, hawakunihesabu upande wowote wa ugomvi wao. Huo ulikuwa mtaji wangu wote, na nakuomba uukumbuke ninapokwenda mbele.

Mwaka ule wa kaseti ulikuwa wa uchaguzi, na stesheni iliyoniajiri ilitaka filamu kuhusu mji mdogo uliogawanyika. Nikapata mji katikati ya nchi, wenye barabara kuu moja na zahanati moja. Serikali ya eneo ilitaka kuifunga zahanati hiyo ili kupunguza kodi. Nusu ya mji ilikubali, nusu ilikataa.

Nikapata pia majirani wawili. Mzee Walter, fundi wa matrekta aliyestaafu, alitaka zahanati ibaki. Bi Ruth, mwalimu wa zamani, alitaka kodi ishuke, maana pensheni yake ilikuwa haimtoshi. Walikuwa wamepiga kura tofauti maisha yao yote na walitenganishwa na ua mmoja tu wa mbao. Tangu mke wa Walter afariki, Ruth alikuwa akimpelekea chakula kila Jumapili baada ya kanisa, wanakula huku wakigombana juu ya siasa. Niliwapenda wote wawili. Hilo pia ni kweli, na halinisaidii chochote.

Siku ya mkutano wa mji kuhusu zahanati, tulipiga picha ukumbini kutoka asubuhi mpaka jioni. Ilipofika saa sita, Walter alisimama. Alisema mke wake alifia njiani akipelekwa hospitali ya mbali, usiku ambao zahanati ilikuwa haina daktari. Alisema maneno machache, akaketi. Ukumbi ulinyamaza. Ruth alikuwa viti viwili kutoka kwake, ameinamisha kichwa.

Kimya kile hakikupendeza kwenye chumba cha kuhariri. Bosi wangu alitazama, akasema, "Mgawanyiko uko wapi hapa?" Sasa, mwanangu, katika kazi yetu kuna desturi tuliyokuwa tukiiita kuazima uso. Mtu anaongea, unakata maneno yake hapa na pale, na ili mkato usionekane unaweka picha ya msikilizaji. Picha hiyo huwa imetoka wakati mwingine wowote wa mkutano. Kila mtu hufanya. Mimi nikatafuta uso wa kuazima, nikampata Ruth akicheka. Alicheka kweli siku ile, lakini ilikuwa saa kumi, baada ya mwenyekiti kusinzia na kukoroma ndani ya kipaza sauti, ukumbi mzima ukaangua kicheko. Nikakichukua kicheko kile nikakibandika baada ya Walter kumtaja marehemu mkewe. Kilichukua nafasi ndogo sana, hata kupiga chafya huchukua muda zaidi. Bosi alipiga meza kwa furaha.

Hiyo ndiyo filamu niliyoileta Kiganjo, pale Thika, kwa binamu yangu aliyekuwa na televisheni na mashine ya kuchezea kaseti. Sebule ilijaa. Tata Nyambura, dada mdogo wa baba yangu, alikuwa amekuja kutoka Gatuanyaga akiwa amevaa leso yake ya kanisani, akapewa kiti cha mbele. Tata hakujua Kiingereza. Kiswahili chake alikiokota shambani, kwenye mananasi, alikofanya kibarua na watu wa kila kabila, na baadaye alirudi kwake kuchunga mbuzi. Hakuwahi kumiliki saa. Ukimuuliza ni saa ngapi, alitazama kivuli cha nguzo ya zizi akakuambia, na mara nyingi alikuwa sahihi kuliko redio ya binamu yangu.

Filamu ilikwenda vizuri. Watu walishangaa ukubwa wa ng'ombe wa Marekani. Ikafika sehemu ya Walter, halafu Ruth akacheka, na sebule nzima ikasema, "Ngai! Mungu wangu!" Nikatabasamu, kwa sababu ndivyo nilivyotaka waseme.

Tata akainua mkono. "Rudisha nyuma kidogo."

Binamu akarudisha. Tata akasogea mpaka pua yake ikakaribia kioo.

"Wairimu," akaniambia. "Huyu mzee anaongea saa sita. Huyu mama anacheka saa kumi. Alikuwa anangoja nini masaa yote hayo?"

Alikuwa anaonyesha glasi za maji mezani, zilizopigwa na jua la dirishani. Mbele ya Walter glasi ilikuwa na kivuli kifupi. Mbele ya Ruth kivuli kilikuwa kimenyooka mpaka ukingo wa meza. Wasomi wote wa ile stesheni walikuwa wameitazama filamu ile, na hakuna hata mmoja aliyeona.

Nikajifanya kucheka. Nikamwambia, "Ni kazi tu, tata. Hivyo ndivyo filamu hutengenezwa."

"Mimi sijui Kizungu. Hata maneno ya huyo mzee sijui. Lakini macho haina pazia. Huyo mzee analia na roho, na wewe umemwekea jirani amcheke. Alimcheka ama hakumcheka?"

"Hakumcheka, tata."

"Basi toa."

Akarudi kwenye kiti chake na kuomba chai. Mimi nilikasirika, nikisema moyoni kwamba mwanamke wa mbuzi atanifundisha nini. Penye wazee hapaharibiki neno, lakini kijana mwenye sifa huona wazee wamekaa tu pale kuziba njia.

Jioni nilimsindikiza stendi. Lazima nikuambie kwamba tata alikuwa mtu wa kutumwa. Katika ruracio, pale koo mbili zinapozungumza mahari, kina mama walimtuma yeye kupeleka maneno kutoka nyumba hii hadi ile. Tukiwa njiani aliniambia, "Wakinituma, sibebi maneno pekee yake. Nabeba na uso. Wakisema wakinuna, nasema walinuna. Wakisema wakicheka, nasema walicheka. Siku nikibadilisha uso, hao watoto hawataoana, na hakuna mtu atajua ni mimi."

Kesho yake nilikwenda posta ya Thika kupiga simu Marekani. Filamu ilikuwa iende hewani baada ya siku tisa. Kukitoa kile kicheko kungekuwa kazi ya saa moja tu. Nilisimama kwenye kibanda cha simu nikiwa na maneno yangu tayari, lakini bosi aliniwahi. Alisema kila aliyeiona filamu anazungumzia kile kicheko, na kwamba wakubwa wameamua kunipa mfululizo mzima wa filamu za uchaguzi. Miaka kumi nilikuwa nimebeba nyaya na mabegi ya watu nikiomba nafasi kama ile. Nikasema asante. Nikauliza hali ya hewa. Nikakata simu.

Kabla sijaondoka nchini nilipita Gatuanyaga kumuaga tata. Aliniuliza mara moja tu, "Ulitoa?"

Nikamjibu, "Nilitoa."

Katika yote ninayokusimulia, mwanangu, hilo jibu ndilo linaloniumiza zaidi. Heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi, nami sikujikwaa, nilipiga hatua nikijua ninapokwenda.

Filamu ilionyeshwa, ikasifiwa, nami nikapata kazi yangu kubwa. Baada ya mwaka mmoja stesheni ikanituma tena katika ule mji, nione mambo yameendeleaje. Zahanati ilikuwa imefungwa. Nyumba ya Ruth ilikuwa na mapazia yaliyoshushwa. Mtu wa duka aliniambia kwamba baada ya filamu watu waliacha kumsalimu kanisani, na mtu mmoja asiyejulikana akamwandikia matusi kwenye mlango wa gari. Akahamia kwa binti yake, mji mwingine, mwendo wa siku nzima.

Nikaenda kwa Walter. Alinimiminia kahawa kama zamani. Nikakusanya ujasiri nikamwambia ukweli: kwamba Ruth hakumcheka, kwamba mimi ndimi niliyehamisha kicheko. Nilidhani atanifukuza. Alizungusha kikombe, halafu akasema maneno ambayo siwezi kuyasahau.

"Nilikuwa ndani ya ule ukumbi," alisema. "Nilikuwa viti viwili kutoka kwake. Mwanzoni nilijua hakucheka. Lakini nimeitazama filamu yako mara nyingi, kwa sababu ndani yake nimemtaja mke wangu. Sasa nikifumba macho kuikumbuka siku ile, namwona Ruth akinicheka. Siwezi tena kumwona vingine."

Mwanangu, nilikuwa nimeingia ndani ya kichwa cha mzee wa watu nikamnyang'anya kitu alichokiona kwa macho yake mwenyewe. Mpaka siku ile nilidhani nimepotosha filamu tu. Nililia pale mezani kwake, naye, maskini, akaniletea karatasi ya kupangusia uso.

Nilirudi kwenye stesheni nikawaomba wakubwa wairekebishe filamu na kuomba radhi hewani. Walikataa. Walisema kuazima uso ni desturi ya kazi, wakikubali hilo moja watafungua mlango wa malalamiko elfu. Nikachukua kaseti za mkutano ule, zote, kabla hazijakatwa. Nikaukodi ukumbi uleule nikabandika tangazo dukani, posta na kanisani: njooni mtazame siku yote, kutoka asubuhi mpaka jioni. Nilimwandikia Ruth pia. Stesheni ilipojua, nikaambiwa mfululizo wa uchaguzi haunihitaji tena. Nilirudi kufanya filamu ndogondogo za stesheni ndogondogo, na huko ndiko nilikomalizia kazi yangu. Sikuipata tena nafasi kubwa kama ile, na sitakudanganya kwamba haikuniuma.

Walikuja watu kama thelathini. Ruth hakuja. Walter alikaa mbele. Tulitazama mkutano mzima, pamoja na sehemu za kuchosha, watu wakichokora meno, mtoto akilia. Ilipofika saa sita ya ule mkutano tulimwona Walter akisema maneno yake, na Ruth ameinamisha kichwa, akifuta macho kwa ukingo wa mkono wa sweta. Sikuwa nimeliona lile chozi hata mimi. Nilikuwa nikitafuta kitu kingine. Baadaye mwenyekiti akakoroma, na Walter akajiona mwenyewe kwenye skrini akicheka pamoja na Ruth, yeye akicheka hata zaidi yake. Alichukua kofia yake akatoka, na kupitia dirishani nikaliona gari lake likielekea upande wa barabara kuu.

Nilipokuja likizo iliyofuata nilimwendea tata Nyambura nikamwambia nilimdanganya. Alikuwa akikamua mbuzi, hata hakugeuka. "Nilijua," akasema. "Ulijibu haraka." Kisha akanipa maziwa.

Barua ya Ruth ilinifikia miezi kadhaa baadaye. Alikuwa ameandika kwa mkono wa kialimu, herufi zimesimama wima. Alisema Walter aliendesha gari siku nzima mpaka kule alikohamia, akasimama mlangoni na kofia mkononi. Walizungumza. Aliniambia amenisamehe, na ya kwamba ni vigumu lakini anajaribu kila asubuhi. Mwishoni aliandika mstari mmoja zaidi: "Nataka ujue jambo moja. Tangu wakati ule, kila ninapocheka, naona nimeziba mdomo kwa mkono. Sikutaka kufanya hivyo. Mkono unakwenda wenyewe."

Juzi hapa Ruiru niliketi na vijana wanaopiga video kwa simu zao na kuzirusha mtandaoni. Nikawaonya wasichanganye wakati na wakati. Mmoja, kijana mzuri tu, akaniambia, "Cucu, hiyo ni content tu. Watu wanataka drama." Sikumgombeza. Mimi nilikuwa nikisema hayohayo, tena kwa Kiingereza cha bei ghali.

Basi sikia nasaha yangu, mwanangu. Siku utakayopewa uso wa mtu, uwe umeupata kwa kamera, kwa kalamu au kwa umbeya wa jikoni, jua umebebeshwa mtu mzima. Ukibeba maneno yake, beba na hali aliyokuwa nayo alipoyasema. Usimkopeshe hasira asiyokuwa nayo, wala usimwekee kicheko mahali alipotoa chozi, hata kama dunia nzima inafanya hivyo na inalipwa vizuri. Na mzee asiyejua lugha ya kazi yako akikuambia "toa", usipime elimu yake, pima jambo analokuonyesha. Ukishindwa kutoa mara ya kwanza, toa mara ya pili, hata ikugharimu cheo, ila ujue kwamba kuchelewa kuna gharama yake na atakayeilipa si wewe. Maji yakimwagika hayazoleki. Mimi nilisamehewa na watu watatu wema, na bado kuna mama mmoja nchi ya mbali ambaye hakucheka tena kwa mdomo wazi mpaka alipozikwa.

Nenda salama, mwanangu. Mungu akupe kazi itakayokushibisha bila kumnyima mwingine usingizi. Watu wakufungulie milango yao, na utakapoondoka wafurahi kwamba uliingia. Jina lako litajwe kwa wema katika nyumba usizozijua, na wote watakaokaa karibu nawe wacheke kadiri wapendavyo, bila kuogopa.